Zima Taa Tuone

Maneno haya niliyasema Mwanga, hapa Kigoma, jioni moja kabla ya kuonyesha kipande cha filamu yangu ambayo bado haijaisha. Nimeyaandika karibu kama yalivyotoka. Nimepunguza vicheko, na pale nilipojirudia.

Asalaam aleikum. Bwana asifiwe. Wazee wangu, shikamooni. Mama zangu wa Katonga mliopanda bajaji mpaka huku, ahsanteni sana, najua mmeanua dagaa mapema kwa ajili yangu.

Nimeombwa nieleze namna ninavyofanya kazi yangu ya filamu. Mama yangu mzazi, yule pale mstari wa pili mwenye kanga ya kijani, wiki hii pekee ameniuliza mara tatu: mwanangu, hiyo filamu ya majaribio, majaribio yake yanaisha lini? Ana haki ya kuuliza. Kwa Kiswahili chetu kitu cha majaribio ni kitu ambacho bado hakijafuzu. Bomba la maji linafunguliwa kwa majaribio. Mfanyakazi anawekwa miezi mitatu ya majaribio. Sasa mzazi akisikia binti yake anatengeneza filamu za majaribio, anakaa kungoja lini atapewa ajira ya kudumu.

Nimjibu kwa kifupi. Filamu nyingi zinajua zinakokwenda kabla kamera haijawashwa: kuna skripti, kuna atakayelia, kuna atakayekufa dakika ya themanini. Mimi nashika kamera kwa sababu kuna kitu sikijui, na namna ya kukirekodi nayo ni sehemu ya swali. Hayo ndiyo majaribio. Halafu naiita pia filamu ya makala kwa sababu watu waliomo ni wa kweli, ziwa ni la kweli, na deni la mtu ni la kweli. Tafsiri imekwisha, haina utamu. Utamu uko ziwani.

Usiku wa kwanza nilipotoka na wavuvi wa Kibirizi nilikuwa na kamera ya kuazima, mfuko wa nailoni wa kuifunika, na kiburi. Tulisukuma chombo jua linazama upande wa Kongo. Ziwa hili letu la Tanganyika kina chake kinafika karibu mita 1,470, duniani linazidiwa na Ziwa Baikal la Urusi peke yake. Hayo niliyasoma shuleni nikapata alama zangu. Kuyakalia usiku, juu ya ubao wenye upana wa mkeka wa kuswalia, ni somo jingine. Nilitapika mpaka wale vijana wakaacha kunicheka wakaanza kunihurumia.

Taa zikawashwa. Nyingi zilikuwa za betri, hizi nyeupe za siku hizi, lakini chombo kile kilikuwa bado na karabai mbili za mafuta ya taa, zinavuma kama nyuki waliofungiwa kwenye mtungi. Mimi nikafungua kamera. Sasa kamera, ukiiacha ijiamulie yenyewe, inaogopa giza. Inahangaika kukusanya kila chembe ya mwanga mpaka usiku unageuka alfajiri yenye mchangamchanga. Mimi nikafurahi: naona nyuso zote, kamba zote, mpaka ndoo ya ugali. Haikunitosha. Nikawasha na tochi ya kichwani ili nione vizuri zaidi.

Nahodha hakugeuka hata kunitazama. Akasema: "Dada, zima hiyo taa. Samaki watakuja kwako, na wewe huna wavu."

Kwa wale ambao hamjawahi kwenda, niwaeleze alichomaanisha, maana si utani tu. Dagaa hupanda juu usiku. Taa ikitulia juu ya maji, vijidudu vidogo vinakusanyika chini yake, dagaa wanavifuata, na migebuka inawafuata dagaa. Kazi yote inategemea mwanga kuwa mahali pamoja na giza kuwa kila mahali pengine. Ndiyo maana mwezi ukiwa mpevu vyombo vinalala ufukweni siku kadhaa: mwanga umeenea ziwa zima, dagaa hawana sababu ya kukusanyika popote. Mimi na tochi yangu nilikuwa nawaletea wavuvi mbalamwezi ya kichwani.

Nikazima. Nikaitoa kamera kwenye kujiamulia, nikaifunga kwa kiwango cha ile karabai, basi. Kila kilichokuwa nje ya duara la taa kikapotea. Mkono unaingia kwenye mwanga, unavuta kamba, unatoka. Sura haipo. Nikajua nimeharibu usiku wangu na mafuta ya watu. Nilipokaa nyumbani kutazama nikaona kinyume chake: kwenye zile picha za mwanzo zenye kila kitu, jicho langu lilikuwa linazurura tu kama mgeni sokoni. Kwenye hizi za giza nilikuwa najua uzito wa ile kamba.

Tangu hapo sibebi taa. Nikipiga picha jikoni, mwanga ni wa jiko. Nikipiga picha mtaani umeme umekatika, basi umekatika. Na zile taa za betri zina tabia yake: nyingine zinawaka na kuzimika kwa kasi ambayo jicho halioni ila kamera inaiona, na picha inatoka na mistari inayotembea. Fundi yeyote atakwambia hiyo ni kasoro, rekebisha kasi ya shata, kile kinachofunguka na kufunga mwanga ndani ya kamera. Nimeiacha. Karabai haina mistari, ina mvumo na umanjano wake, na hizi mpya zina mistari na ubuluu. Mtu atakayetazama miaka thelathini ijayo ataona ziwa likibadilisha taa, bila mimi kumwambia.

Hapo kwenye kuambiwa ndipo penye ugomvi wangu.

Kigoma hatujawahi kukosa watu wa kutueleza. Mwaka 1871 Stanley alimkuta Livingstone pale Ujiji, chini ya mwembe, na salamu aliyoitoa inakaririwa mpaka leo na watu ambao hawajui Ujiji iko nchi gani. Siku ile uwanja ulijaa watu. Hakuna aliyewauliza waliona nini. Mwaka 1960 Jane Goodall akafika Gombe kuchunguza sokwe, na mwaka 1962 akaja mpiga picha Hugo van Lawick na kamera. Sitaki mtu atoke hapa aseme nimemsema vibaya marehemu. Yule mama alifanya kazi ya maisha, na van Lawick alijua kusubiri kuliko watu wengi wa kamera ninaowajua. Nasema tu kwamba picha zile za mkanda wa milimita 16 zilikwenda kukaa Marekani, na zilipogunduliwa tena mwaka 2014 zilikuwa zaidi ya saa 100. Saa 100 za msitu wetu. Mtoto wa Mwamgongo, kijiji kinachopakana na hifadhi, aanzie wapi kuzitazama?

Kila moja ya hadithi hizo ina sauti iliyokaa juu ya picha. Sauti ya mtu aliyeshiba, ametulia, hayumo kwenye picha, na anajua kila kitu. Nimewahi kuifanyia kazi sauti hiyo. Shirika moja, sitalitaja, lilinikodi nirekodi akina mama kwenye kambi ya wakimbizi. Mama mmoja alikuwa anarudi na kuni, anacheka na mwenzake, wanasimuliana habari za shemeji fulani. Nikaambiwa arudie, safari hii asicheke. Akarudia. Nikaambiwa arudie tena, aonekane amechoka zaidi. Mara ya tatu hakuwa na haja ya kuigiza, kuni zilikuwa zimemchosha kweli. Filamu ilipotoka, yule bwana wa sauti alisema mama huyu hutembea kila siku bila matumaini. Cha shemeji hakikuwemo. Hela nilichukua, nilikuwa nadaiwa kodi. Ila yule mama alinitazama mara ya tatu kwa jicho ambalo ningependa kulisahau.

Niwape kisa cha kuku. Zamani za mkoloni palikuwa na mradi wa sinema kule Vugiri, milima ya Usambara, kuanzia 1935 hadi 1937. Walitengeneza filamu za kufundisha watu kilimo na usafi, wakazizungusha Afrika Mashariki. Mradi ule kwa jina lake lenyewe uliitwa jaribio. Kwa hiyo, mama, filamu za majaribio zilifika Tanganyika kabla yangu, tofauti ni kwamba wakati ule waliojaribiwa walikuwa watazamaji. Imani ya wakubwa wale ilikuwa kwamba Mwafrika aonyeshwe picha polepole, moja moja, la sivyo atachanganyikiwa.

Sasa profesa mmoja, John Wilson wa London, akaja kusimulia jambo la namna hiyohiyo lililotokea katika kijiji kimoja cha Afrika. Ilionyeshwa filamu ya dakika tano kuhusu usafi: afisa afya anaondoa maji yaliyotuama, anaokota makopo, taratibu kabisa. Ilipoisha watu wakaulizwa mmeona nini. Wakajibu: kuku. Wenye filamu wakashangaa, kwani filamu yao haikuwa na kuku. Wakairudisha nyuma, wakaikagua picha kwa picha, na kweli, kwa muda wa kama sekunde moja, kuku anapita kwenye pembe ya chini. Hitimisho lake lilikuwa kwamba watu wale hawajafunzwa kutazama picha nzima.

Mimi kila nikikumbuka kisa hiki nasimama na wa kuku. Mtengeneza filamu alikaa na kazi yake, akaikata, akaiunga, akaisafirisha, na hakujua kilichomo ndani. Wanakijiji walitazama mara moja tu wakamwambia. Na kuku si kitu kidogo, kuku ana mwenyewe! Yule afisa na makopo yake hakuwa na mwenyewe pale.

Kwa hiyo nilipoanza kazi zangu mwenyewe, uamuzi wa kwanza ulikuwa kumtoa yule bwana wa sauti. Sikuwa wa kwanza. Flora M'mbugu-Schelling, Mtanzania mwenzetu, mwaka 1992 alitoa filamu yake *These Hands*, ya wanawake wanaoponda kokoto kule Kunduchi. Hakuna anayekueleza ufikirie nini. Unasikia nyundo na jiwe, nyundo na jiwe, mpaka viganja vyako mwenyewe vinaanza kuuma. Niliitazama nikanyamaza siku nzima, na mimi, wanaonijua watawaambia, si mtu wa kunyamaza.

Lakini pana jambo lililonisumbua, nalikiri mbele yenu. Sinema yangu ya kwanza maishani ilikuwa kibanda umiza, yaani banda la video la mtaani, Ujiji, mabenchi ya mbao, jasho, na jenereta inayozima pale tu panapokuwa pazuri. Na tulichokwenda kufuata si filamu, ni mtafsiri. Enzi za watafsiri akina Lufufu, jamani! Filamu ya Kichina, watu wanarushiana mateke, na mtafsiri anawapa majina ya mtaani kwetu, anamsema adui kuwa ni mtu aliyekopa sabuni dukani hajalipa. Nilimpenda mno. Sasa inakuwaje nimchukie yule bwana wa sauti na nimpende mtafsiri, wakati wote wawili wanaongea juu ya picha za wenzao?

Nimelifikiria hili miaka. Jibu nililofikia ni la kitoto: yule wa kibandani kwetu alikuwa amekaa nasi. Jasho lake tulilisikia. Akidanganya tulimwambia "muongo wewe", na yeye alijibu papo hapo, wakati mwingine kwa tusi. Yule bwana mwingine humpati hata ukipiga simu.

Hilo ndilo lililonipeleka kwenye kazi mtakayoiona leo.

Tarehe 15 Mei 2024 ziwa lilifungwa. Nchi zote nne zenye ziwa zilikuwa zimekubaliana lipumzishwe, samaki wazaliane, na lilifunguliwa 15 Agosti. Mnakumbuka. Kwa kawaida ukisimama mlimani juu ya Katonga usiku, ziwa lina taa nyingi kiasi kwamba mgeni anauliza, kule ng'ambo ni mji gani? Mwaka ule mji ukazimwa. Nikaweka kamera sehemu moja, lenzi ileile, saa tatu usiku, dakika tano kila siku. Usiku 92 kwa hesabu, nikakosa saba kwa malaria. Nilichopata ni giza. Giza lenye mstari wa mlima, giza lenye radi ya mbali, giza lenye mwezi, giza tupu.

Nikatafuta na sauti ya chini ya maji. Wazee mnisamehe hapa. Maikrofoni maalumu ya majini ni ghali mno, kwa hiyo maskini kama sisi tunavalisha maiki ya kawaida kondomu na kuifunga vizuri kwa uzi. Nikaenda duka la dawa, Ujiji, nikaomba pakiti tatu, na muuzaji ni rafiki wa mama tangu darasa la pili. Nikamwambia ni za kazi. Sikugundua papo hapo kwamba nimezidi kuharibu. Mama, sasa umejua zilikuwa za nini.

Ziwa lilipofunguliwa niliunga dakika 20 za lile giza nikazipeleka Katonga. Shuka jeupe ukutani, spika mbili, jenereta ya kuazima. Nilitaka watu watazame kimya, kama wanavyotazama kwenye matamasha, watoke wakitafakari. Ndivyo nilivyoota. Dakika ya kwanza tu watoto wakaanza: "Sinema imeharibika! Fundi, picha!" Nikawa nimejikunyata nyuma ya jenereta natamani ardhi inimeze.

Halafu mama mmoja akasema, si kwa sauti kubwa, kama anajisemea: "Hapo ndipo nilipouza sufuria."

Watoto wakanyamaza. Mwingine akadakia: "Mimi cherehani." Kijana mmoja akasema yeye giza lile halijui, kipindi kile alikuwa Uvinza kwenye chumvi, anabeba mifuko. Tajiri mmoja mwenye vyombo, nilidhani atakaa kimya kwa hadhi yake, akasema: "Hilo si giza, hilo ni marejesho." Watu wakacheka kile kicheko cha wenye mikopo. Hapo mzee mmoja akawapinga wote: lingefungwa hata mwaka mzima, ninyi mnakula mbegu mkidhani ni mboga. Likazuka zogo. Wengine walisimama. Dakika 20 zikaisha, shuka likawa jeupe, watu bado wanabishana, na mimi nyuma ya jenereta nikagundua kinasa sauti changu kilikuwa kimewaka muda wote. Nilikuwa nimekiwasha kupima mvumo wa jenereta nikakisahau.

Kesho yake nikapita nyumba kwa nyumba, nikawasikilizisha maneno yao, nikawaomba. Wa sufuria alicheka sana akasema weka sauti, jina usiweke. Mzee wa mbegu alitaka arudie apate kutukana vizuri zaidi, nikamwambia hapana, la kwanza limetosha. Mmoja alikataa. Sitasema alisema nini wala kama ni mwanamume au mwanamke. Mahali pa maneno yake nimeacha ukimya wa sekunde tisa, na ukisikiliza utasikia watu wengine wakivuta pumzi wakimsikiliza.

Basi maneno yale ndiyo yaliyokuwa sauti ya filamu. Picha ni giza, juu yake wanaongea waliolala nalo. Nikaipeleka filamu hiyo yenye sauti Kibirizi, ambako nao walijibu, wengine wakiwajibu wa Katonga kama vile wako nao uani, na majibu yale nayo yakaingia. Kila inapoonyeshwa inarudi na tabaka. Pale panapojaa sana napunguza, maana watu kumi wakiongea pamoja ni tochi ya kichwani: umemulika kila kitu, hakuna samaki aliyekuja. Kazi yangu ya uhariri siku hizi ni hiyo zaidi, kuamua nani abaki kwenye mwanga kwa dakika hiyo na nani angoje.

Wapo walioniuliza nakula nini. Napiga harusi. Kule kamera naiacha ijiamulie, na taa nawasha zote, maana bibi harusi hakulipa aonekane mkono.

Sasa tuingie kazini. Shuka ni lile lile la Katonga, doa lile la pembeni ni la mawese, msihangaike nalo. Kuna maiki mbili, moja ile kwenye nguzo na nyingine hapa mbele. Simu zimeni, midomo msizime. Ambaye hataki sauti yake ichukuliwe akae upande huu wa mlango, huku maiki hazifiki, na hata akiropoka kwa bahati mbaya aniambie tu, nitamfuta. Wa Katonga, tafadhali msiwatangulizie wenzenu, wapeni dakika moja na giza kwanza. Na mama, ukisema neno lolote leo, hata kunigombeza, ujue majaribio hayajaisha, utakuwa umeyaongeza.

Wewe kijana uliye karibu na swichi, hebu zima taa.